Tusiishie kwenye "koagulase hasi"

Chukua koloni moja ya bakteria kutoka kwenye sahani ya kuoteshea, ikoroge ndani ya mrija wenye plazma ya sungura, weka mrija kwenye inkubeta ya nyuzi 37, kisha usubiri. Baada ya saa 4 unauinamisha polepole. Plazma ikiwa imeganda, karibu kwa hakika umeshika Staphylococcus aureus, na maabara nzima inachangamka: simu inapigwa wodini, daktari anatafutwa, dawa inabadilishwa siku hiyohiyo. Plazma ikitiririka kama ulivyoiweka, unaurudisha mrija ndani, unautazama tena saa 24 zikitimia, na ikiwa bado ni majimaji unaandika maneno mawili kwenye fomu: koagulase hasi. Simu haipigwi.

Nimeyaandika maneno hayo mara nyingi, na kwa muda mrefu sikuona ubaya wake. Leo nauona. Maneno hayo yanataja jambo moja ambalo bakteria huyo hafanyi, yaani hana koagulase, kimeng'enya cha kugandisha plazma. Hayasemi ni nani, anaishi sehemu gani ya mwili, ana ukali kiasi gani, wala ni dawa ipi inayomweza. Hata hivyo yakishafika wodini husomwa kana kwamba yamesema yote hayo: ni bakteria wa ngozi, hana neno, uchafu tu umeingia kwenye sampuli. Kwa wagonjwa wengi usomaji huo ni sahihi. Kwa wengine unawagharimu vali ya moyo, au uhai wenyewe.

Mazoea haya yana historia. Alexander Ogston, daktari mpasuaji wa Aberdeen, aliviona vijidudu hivi kwenye usaha wa majipu mwanzoni mwa miaka ya 1880. Chini ya hadubini vilikuwa vimeshikamana kama vichala vya zabibu, naye akavipa jina la stafilokoka, linalotokana na neno la Kigiriki la kichala hicho. Mwaka 1884 Mjerumani Friedrich Julius Rosenbach akavigawa kwa rangi ya koloni: vya dhahabu akaviita aureus, vyeupe akaviita albus. Tangu hapo wa dhahabu akawa adui, mweupe akawa jirani. Kipimo cha koagulase kilipokuja kikarithi mgawanyo uleule na kuupa nguvu ya maabara: upande mmoja aureus, upande wa pili wengine wote. Hao wengine wote leo ni spishi zaidi ya 40. Kuziita kwa jina moja ni sawa na kugawa mifugo mafungu mawili, ng'ombe na wasio ng'ombe, kisha mtu akuulize kama huyo asiye ng'ombe anauma.

Niwatendee haki wanaopuuza, maana hawapuuzi kwa uzembe. Bakteria hawa wamejaa kwenye ngozi ya kila mmoja wetu, na sindano yoyote inayoelekea kwenye mshipa lazima ipite kwao. Tazama damu ya kuotesha, ile inayowekwa kwenye chupa ili bakteria waliomo waote, inavyochukuliwa. Ngozi hupakwa klorheksidini yenye spiriti, kisha inatakiwa iachwe ikauke, kama nusu dakika hivi. Nusu dakika ni ndefu mgonjwa anapohema kwa shida na wengine wanne wanasubiri. Ngozi inachomwa ikiwa bado mbichi, tena baada ya kidole kurudi palepale palipopakwa kuutafuta mshipa upya. Hata aliyefuata kila hatua hawezi kujihakikishia, kwa sababu sehemu ya bakteria hukaa ndani ya vitundu vya vinyweleo, ambako dawa ya kupaka haifiki. Ndiyo maana hospitali hujipima kwa kiwango cha uchafuzi wa chini ya 3% ya chupa zote, wala hakuna anayetegemea sifuri.

Na kumtibu mtu kwa sababu ya uchafu si kumhurumia. Ni antibiotiki ya vankomaisini kwenye mshipa kwa siku kadhaa, figo zinazopaswa kuchungwa, mrija mwingine mwilini ambao nao ni mlango wa maambukizi, na bakteria wake wengine wanaojifunza usugu bure. Kwa hiyo kanuni ya chupa ikazaliwa, nayo ni kanuni nzuri: damu ichukuliwe mara mbili, sehemu mbili tofauti za mwili. Bakteria wakiota kwenye damu ya mkono mmoja tu, huenda ni uchafu. Wakiota kwenye zote mbili, tena ndani ya siku ya kwanza, shughulika nao.

Kasoro ya kanuni hiyo ni kwamba inahesabu chupa bila kuuliza jina. Zipo hali tatu ambazo kuhesabu peke yake kunatupoteza.

Ya kwanza inamhusu Staphylococcus epidermidis, ndiye yule albus wa Rosenbach kwa jina jipya, na ndiye anayefahamika kuliko wote. Juu ya ngozi ni mkazi mwema. Mpe plastiki au chuma ndani ya mwili uone anavyobadilika. Katheta ya mshipani, vali bandia, nyonga ya chuma, mrija wa kutoa maji kichwani: popote pasipo na uhai wala damu ya kumfukuza, anajibandika. Kisha anajifunika utando unaofanana na utelezi unaoota kwenye mawe ya mtoni, wenyewe kwa wenyewe wakishikana kwa sukari wanayoitengeneza. Ndani ya utando huo wengi wanapunguza kasi ya kuishi mpaka karibu kusimama, na antibiotiki nyingi, ambazo huua kiumbe anayekua na kugawanyika, zinampita kama aliyelala. Kipimo cha maabara kinaweza kusema dawa inafanya kazi, nacho hakidanganyi, ila kimepima bakteria wanaoelea kwenye majimaji, si hawa waliojenga nyumba.

Ugonjwa wenyewe huja kimyakimya. Mtu aliyewekewa nyonga bandia anaweza kukaa mwaka mzima na maumivu yasiyoisha, bila homa, bila usaha, akiambiwa avumilie, pengine kifaa kimelegea tu. Kwa maambukizi ya viungo bandia, kuchelewa kati ya miezi 3 na 24 baada ya upasuaji ni jambo linalotambulika kabisa. Mara nyingi tiba yake ni kukitoa kifaa, au kukisafisha kwa upasuaji na kuongeza rifampisini, dawa inayoingia kwenye utando vizuri kuliko nyingi. Rifampisini nayo haitolewi peke yake kamwe, kwani bakteria hawa huizoea ndani ya siku chache. Na wengi wa epidermidis wanaozunguka hospitalini wameshakuwa sugu kwa methisilini, dawa ya jamii ya penisilini. Kuna ushahidi mzuri kwamba jeni la usugu huo, mecA, lilimfikia aureus kutoka kwa jamaa zake hawa wa koagulase hasi. Tunawaita wapole, huku ghala la silaha likiwa kwao.

Hali ya pili inanigusa zaidi: mtoto njiti. Uchunguzi mkubwa wa watoto waliozaliwa na uzito mdogo sana nchini Marekani, uliochapishwa mwaka 2002, ulikuta karibu nusu ya maambukizi ya damu yaliyoanza baada ya siku 3 za kwanza ni ya stafilokoka wa koagulase hasi. Ngozi ya mtoto huyo ni nyembamba mno, kinga yake bado changa, na anaishi kwa mirija. Sasa ilete kanuni ya chupa mbili. Mtoto wa gramu 900 hana damu ya kugawia chupa. Mara nyingi inapatikana moja tu, yenye mililita moja. Ikiota, hakuna ya pili ya kulinganisha. Wanaomhudumia wanabaki na mtoto mwenyewe: anasahau kupumua, tumbo limejaa, amepoteza uchangamfu wa jana. Hapo anayesoma fomu na kusema ni uchafu wa ngozi bila kwenda kumtazama mtoto anacheza bahati nasibu na maisha yasiyo yake.

Hali ya tatu ndiyo iliyonifanya niandike.

Mwaka 1988 watafiti wa Lyon, Ufaransa, wakiongozwa na Jean Freney, walieleza spishi mpya ya stafilokoka. Wakaipa jina la mji wao kama Warumi walivyouita, Lugdunum, ikawa Staphylococcus lugdunensis. Ukimpima kwa mrija, plazma haigandi, kwa hiyo anaingia kwenye fungu la wapole. Matendo yake ni ya aureus. Anatengeneza majipu na mikusanyiko ya usaha, anaingia kwenye mifupa na viungo, na hana haja ya plastiki kupata pa kushika. Anashambulia vali ya moyo ya asili, ya mtu ambaye hajawahi kupasuliwa kifua, na kuila kwa kasi. Ripoti za miaka ya mwanzo zilihesabu vifo vingi mno, na walionusurika wengi walihitaji kubadilishiwa vali. Makazi yake anayoyapenda ni kinena na maeneo ya karibu na viungo vya uzazi, ndiyo maana baadhi ya maambukizi yake ya moyo yameripotiwa baada ya upasuaji wa kufunga uzazi kwa wanaume. Ni upasuaji mdogo, mtu anarudi nyumbani siku ileile, kisha wiki kadhaa baadaye ana homa ambayo hakuna anayeihusisha nao.

Huyu akiota kwenye chupa moja, fomu ikasema koagulase hasi, kanuni inaelekeza kungoja. Na akingojewa, ile vali inaendelea kuliwa.

Anachanganya hata mikono ya wazoefu. Kuna kipimo cha haraka cha koagulase kinachofanywa juu ya slaidi kwa tone la plazma. Lugdunensis anaweza kushikamana pale kama aureus, kwa sababu ana protini ya kuungana na faibrinojeni ya damu. Kwa slaidi anaitwa jambazi, kwa mrija anaitwa jirani, na maabara yenye haraka inaamini kipimo kilichofuata. Kwenye sahani nako koloni zake huweza kutoka kubwa kwa ndogo, zenye rangi zisizolingana, ukadhani umeotesha mchanganyiko. Mchanganyiko kwenye damu maana yake kwa wengi ni uchafu. Hatua kwa hatua, kila dalili yake inamsukuma kwenye pipa la taka.

Ila kuna jambo linaloniuma kuliko hayo yote. Lugdunensis, pamoja na ukali wake, bado ni mnyonge mbele ya dawa. Oksasilini, nayo ya jamii ya penisilini, humuua karibu kila mara, na wengi wao hata penisilini ya kawaida inawatosha. Asipotajwa jina, mgonjwa hupewa vankomaisini, kwa kuwa ndivyo anavyotibiwa stafilokoka wa koagulase hasi asiyejulikana, na vankomaisini huua stafilokoka polepole kuliko dawa za jamii ya penisilini wanapokuwa hawana usugu nazo. Tena mipaka ya kusoma usugu wa oksasilini kwa lugdunensis ni ile ya aureus, wala si ile ya epidermidis. Ukimpima kwa mipaka ya fungu zima unaweza kumtangaza sugu kwa dawa inayomwangamiza. Kukosa jina kunamnyima mgonjwa tiba iliyo bora zaidi, ambayo pia ni ya zamani na haina makeke.

Jumuiya ya wataalamu imeshaona. Vigezo vya Duke, vinavyotumiwa duniani kote kutambua maambukizi ya ndani ya moyo, vilifanyiwa marekebisho mwaka 2023, na lugdunensis akaingizwa kwenye orodha ya bakteria wanaohesabiwa kuwa visababishi vya kawaida vya ugonjwa huo. Stafilokoka wengine wa koagulase hasi nao wakahesabiwa hivyo pale mgonjwa anapokuwa na vali bandia au kifaa kingine ndani ya moyo. Lakini kigezo kinachotaja spishi kitamsaidiaje daktari ambaye fomu yake haikuitaja?

Bakteria huyuhuyu ana upande mwingine, nami nisingependa mtu aondoke hapa akiwa na hamu ya kumfuta duniani. Mwaka 2016 watafiti wa Tübingen, Ujerumani, walichapisha ugunduzi kwamba lugdunensis anayeishi puani hutengeneza kemikali inayoua aureus, wakaiita lugdunini. Katika wagonjwa 187 waliochunguzwa, waliokuwa na lugdunensis puani walikutwa na aureus kwa 5.9% tu, na wasiokuwa naye kwa 34.7%. Puani ni mlinzi, kwenye vali ni mharibifu. Kwangu hiyo ni sababu nyingine ya kumtaja kwa jina na kueleza alikokutwa, kwa maana neno "koagulase hasi" linazika pande zote mbili kwa pamoja.

Wa mwisho nimtaje kwa ufupi, kwa kuwa habari zake ni nyepesi ila dharau anayofanyiwa ni ileile. Staphylococcus saprophyticus ni miongoni mwa visababishi vikuu vya UTI kwa wanawake vijana, akimfuata E. coli. Mwanamke anakuja na mkojo unaochoma, anataka kwenda msalani kila dakika kumi. Karatasi ya kupimia mkojo haionyeshi naitraiti, kwa kuwa bakteria huyu haitengenezi. Mkojo unaoteshwa, inatoka stafilokoka ya koagulase hasi, idadi ni ndogo kuliko mpaka uliozoeleka, na jibu linaandikwa kuwa ni uchafu wa ngozi. Anaambiwa hana kitu. Kidonge kidogo chenye antibiotiki ya novobaiosini kwenye sahani kingemaliza ubishi: saprophyticus huota mpaka ukingoni mwake, ilhali epidermidis hukaa mbali nacho. Wanawake wamezoea kutoaminiwa wanaposema wanaumwa, nasi maabara hatupaswi kuwaongezea shahidi wa uongo.

Najua jibu nitakalopewa na wenzangu: hatuwezi kutaja spishi ya kila stafilokoka anayeota. Ni kweli, wala siombi hivyo. Maabara zenye mashine ya kumtambua bakteria kwa uzito wa protini zake hupata jina kwa dakika chache, na huko sioni kisingizio chochote cha kuandika fungu badala ya jina. Kwingine kazi inahitaji kuchagua. Akiota kwenye damu ya mikono yote miwili, mtaje. Akitoka mahali pasipopaswa kuwa na bakteria, kama maji ya goti, maji ya uti wa mgongo, usaha uliovutwa kwa sindano au kipande cha vali, mtaje. Mgonjwa akiwa na homa na mlio mpya moyoni, mtaje hata kama ni chupa moja. Na kumtenga lugdunensis hakuhitaji mashine: mrija wenye ornithini, aina ya asidi amino, hubadilika rangi mbele yake na kwa sehemu kubwa haubadiliki mbele ya wenzake, na kipimo kidogo cha PYR, kinachotafuta kimeng'enya kimoja cha bakteria, kikiwa chanya pamoja nao, umeshampata kwa kiasi cha kumpigia daktari simu.

Daktari naye ana sehemu yake, na hapa nasema kwa kuudhika kidogo. Fomu nyingi zinazofika maabara zimeandikwa "homa" basi. Hakuna anayetuambia mgonjwa ana vali bandia, ana katheta ya wiki tatu, au alipasuliwa kinena mwezi uliopita. Maneno matano ya ziada kwenye fomu yanabadilisha kabisa tunavyoitazama sahani ile. Na akishapokea jibu la koagulase hasi asilolielewa, aulize: ni spishi gani, imeota kwenye chupa ngapi, baada ya saa ngapi? Damu ya katheta ikiota saa 2 au zaidi kabla ya damu ya mkononi iliyochukuliwa wakati mmoja, katheta ndiyo shina la tatizo. Taarifa hiyo tunayo, imeandikwa kwenye mashine, na mara nyingi inabaki humo kwa sababu hakuna aliyeiuliza.

Ule mrija wa plazma isiyoganda utamwagwa mchana. Sahani ilikotoka koloni itakaa mezani mpaka jioni, kisha iende kwenye pipa la kuchemshia taka pamoja na nyingine. Koloni zilizobaki juu yake zinatosha kupanda mrija mmoja wa ornithini. Ukiuweka kwenye inkubeta kabla hujavua koti, kesho asubuhi rangi yake inasomeka, na mgonjwa aliyetolewa damu ile bado yuko kitandani.